Barua ya uhamisho usiyoikubali: tathmini ya milango ya kugonga ukiwa Dar

Mtumishi wa umma wa Dar es Salaam akikabidhiwa barua ya uhamisho asiyoafikiana nayo ana sehemu tano za kupeleka neno lake: kwa mwajiri, chama cha wafanyakazi, mfumo wa mtandaoni wa watumishi (ESS), Tume ya Utumishi wa Umma na Mahakama Kuu. Zipo pia sehemu anazoelekezwa na wenzake wa ofisini ambazo hazimsaidii kitu, na tutazitaja. Tumezipima kama huduma nyingine yoyote inavyopimwa: inatoa nini, inachukua muda gani, inagharimu nini, na inakwama wapi. Alama ni kati ya tano.

Alama hizo hazina maana kama hujajua unachopinga. Malalamiko mengi ya uhamisho hufia kwenye aya ya kwanza. Mtumishi anaandika kwamba watoto wanasoma Tabata, nyumba ya Chanika haijaezekwa, mwenza wake yuko kazini Temeke, na kwamba hakuna aliyemuuliza. Yote ni kweli, na hakuna hata moja linalotengua uhamisho. Anayeingia utumishi wa umma anakubali kupangiwa kazi popote, na mahakama zinauona uhamisho kuwa mamlaka ya mwajiri. Mambo ya familia ni ombi la kufikiriwa. Yaandike, ila yakae mwishoni mwa barua.

Hoja zenye meno ni nne, na ya kwanza ni saini: nani ametia saini barua, na kama ana mamlaka hayo. Utaratibu uliozoeleka ni huu: ndani ya halmashauri moja anahamisha Mkurugenzi, kutoka halmashauri kwenda nyingine ndani ya mkoa, Katibu Tawala wa Mkoa, mkoa kwa mkoa, Katibu Mkuu TAMISEMI (ofisi ya tawala za mikoa na serikali za mitaa), na kati ya wizara, taasisi na serikali za mitaa, Katibu Mkuu Utumishi (ofisi ya Rais inayosimamia watumishi wa umma). Dar ina halmashauri tano: Jiji (iliyokuwa Ilala hadi 2021), Kinondoni, Temeke, Ubungo na Kigamboni. Mtumishi wa Temeke aliyepelekwa Kigamboni kwa barua ya mkurugenzi wa Temeke peke yake, bila kibali cha ngazi ya mkoa kutajwa popote, ana hoja. Aliyetolewa kata moja ya Temeke kwenda nyingine hana, hata kama daladala zimeongezeka kuwa tatu. Watu huuchanganya uhamisho na kubadilishiwa kituo ndani ya mwajiri yule yule, na mchanganyo huo unaua malalamiko mengi kabla hayajasomwa hadi mwisho.

Ya pili ni adhabu iliyofichwa. Kanuni za Utumishi wa Umma zina orodha ya adhabu: kufukuzwa kazi, kushushwa cheo, kushushwa mshahara, kusimamishiwa nyongeza, karipio, onyo. Uhamisho haumo. Kama barua yako inataja "mwenendo" au "kutoelewana na wenzako", au imetoka wiki moja baada ya wewe kuandikiwa barua ya kujieleza, basi una msingi wa kudai kwamba umeadhibiwa bila hati ya mashtaka na bila kusikilizwa, na haki ya kusikilizwa imo kwenye ibara ya 13(6)(a) ya Katiba. Kwa uhamisho wa kawaida mwajiri halazimiki kukuita akuulize. Wajibu huo unazaliwa pale uhamisho unapobeba tuhuma. Kwa hiyo usiishie kuandika "sikusikilizwa". Onyesha tuhuma iko wapi, tarehe gani, barua gani.

Ya tatu ni cheo na mshahara. Ukihamishwa Afisa Mwandamizi ukapangiwa nafasi ya chini yake, au mshahara ukapungua, hapo umeshushwa cheo kwa jina la uhamisho. Angalia pia ikama, yaani idadi ya nafasi zilizoidhinishwa: kama kituo kipya hakina nafasi ya kada yako, utaripoti vizuri halafu taarifa zako zigome kuhamia kwa mwajiri mpya kwenye mfumo wa taarifa za kiutumishi na mishahara.

Ya nne ni stahiki, na hii inahitaji tahadhari. Kanuni za Kudumu za mwaka 2009 zinampa anayehamishwa kwa manufaa ya umma posho ya usumbufu ya asilimia 10 ya mshahara wa mwaka, posho ya kujikimu ya hadi siku 14, nauli yake na ya familia, na gharama za kusafirisha mizigo. Mwenye mshahara wa Sh 800,000 kwa mwezi ana Sh 9,600,000 kwa mwaka, hivyo posho ya usumbufu peke yake ni Sh 960,000. Kutolipwa kunakupa dai la fedha na sababu nzuri ya kuomba tarehe ya kuripoti isogezwe. Peke yake ni nadra kuufuta uhamisho wenyewe. Aliyeomba kuhama mwenyewe, au aliyebadilishana na mwenzake, hana posho hizo. Na hapa upo mtego wa makusudi au wa bahati mbaya: barua inayosema "kufuatia maombi yako" wakati hukuomba kitu. Maneno hayo matatu yanaweza kufuta mamilioni. Yapinge kwa maandishi siku unayoyaona.

Ripoti, kisha ulalamike

Hili si suala la mlango upi, ila linaamua milango yote. Kukosa kazini bila ruhusa kwa zaidi ya siku tano ni kosa la utoro, na adhabu yake inaweza kufika kufukuzwa kazi. Anayebaki nyumbani Mbagala akisubiri majibu ya barua yake anageuka kutoka mlalamikaji kuwa mshtakiwa, na kuanzia hapo hakuna atakayesoma hoja zake za uhamisho. Mahakama ya Juu ya India ilisema jambo hilo hilo mwaka 1989: aliyehamishwa aende kwanza, hoja zake zitasikilizwa akiwa ameripoti, na mwaka 1991 ikaongeza kwamba mahakama haitaingilia uhamisho ila pale sheria ya lazima imevunjwa au kuna nia mbaya. Hukumu za India hazitufungi, lakini zina uzito wa kushawishi, na mantiki yake haiko mbali na ya kwetu.

Kama hujalipwa, fanya hivi. Andika kabla ya tarehe ya kuripoti kwamba uko tayari kwenda na unasubiri stahiki zako. Omba tarehe mpya. Huku ukisubiri, endelea kufika kituo cha zamani na kusaini daftari la mahudhurio kila asubuhi, kisha piga picha ukurasa husika. Mkuu wa kituo akikukatalia kusaini, mwandikie siku hiyo hiyo. Daftari hilo ndilo litakalokutofautisha na mtoro. Ukipewa amri ya pili ya maandishi kwamba uende, nenda. Deni litakufuata kwa barua.

Mwajiri: 3/5

Bei yake ni karatasi na nauli, na ndiko mambo mengi yanakomalizikia, kama barua imeandikwa vizuri. Barua bora haizidi kurasa mbili. Juu inabeba kumbukumbu namba na tarehe ya barua ya uhamisho. Inapita kwa mkuu wako wa idara au kituo, kwa maana isiyopita kwake hurudishwa, na wiki mbili zimeshapotea. Halafu hoja, halafu unachotaka, kwa maneno yasiyoyumba: kufutwa, kuahirishwa, kulipwa au kurekebishwa kwa cheo. Chagua kimoja kiwe kikuu.

Kinachodharauliwa ni kuahirishwa. Mwajiri mgumu kufuta uhamisho mara nyingi ni mwepesi kuusogeza hadi shule zifungwe Desemba, au hadi likizo ya uzazi iishe, kwa sababu haumgharimu heshima. Na miezi hiyo ndiyo unayoihitaji kwa ngazi zinazofuata. Hata hivyo angalia saa: kuahirishiwa tarehe ya kuripoti hakukusimamishii muda wa kulalamika kwingine.

Peleka nakala mbili masjala. Moja inabaki, nyingine igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Barua isiyo na muhuri ni barua ambayo haikuwahi kuandikwa. Wapo wanaoacha barua kwa katibu muhtasi kwa kuaminiana. Miezi minne baadaye katibu muhtasi naye amehamishwa. Kama una wasiwasi na kibali kilicho nyuma ya barua yako, omba nakala yake kwa kutumia Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016. Unaweza kukataliwa, na kukataliwa kwa maandishi nako ni kielelezo.

Inapokwama: ukimya. Mwajiri hajibu, na wewe hujui kama umekataliwa. Weka kwenye barua yako ya kukumbushia kwamba usipojibiwa kufikia tarehe fulani utachukulia umekataliwa na utaendelea mbele. Alama mbili tumezikata kwa sababu ya ukimya huo.

Chama cha wafanyakazi: 2/5, au 4/5, inategemea tawi

Umeshalipia huduma hii. Mwalimu aliye CWT (chama cha walimu) anakatwa asilimia 2 ya mshahara, na wa TUGHE (Serikali na afya) au TALGWU (serikali za mitaa) nao wana makato yao kwenye hati ya mshahara. Kwa hiyo idai. Tawi lenye katibu mchangamfu linaweza kufanya kwa simu moja kwa ofisa utumishi kile ambacho barua tatu zimeshindwa, hasa kwenye stahiki na tarehe ya kuripoti. Chama pia kinakaa kwenye mabaraza ya wafanyakazi, ambako madeni ya uhamisho huwekwa mezani kwa ujumla wake.

Kwenye kupinga uhamisho wenyewe vyama vyetu ni baridi. Omba mambo mawili kwa maandishi: barua ya chama kwenda kwa mwajiri, na jibu la ndiyo au hapana kama kitakulipia wakili. Jibu la "tunalifanyia kazi" lihesabu ni hapana, uendelee.

ESS: 3/5 kwa kazi yake, 0/5 kwa kazi isiyo yake

Mfumo wa watumishi wa Utumishi, unaoingia kwa check namba, umeua biashara ya kuzunguka na faili mkononi kutafuta saini. Ombi la kuhama au kubadilishana linapita ngazi kwa ngazi na unaliona limelala kwa nani. Kwa hilo, sifa zake.

Tatizo ni watu kuutumia kama rufaa: umehamishwa kwa nguvu Jumatatu, Jumatano unaomba kurudi kupitia ESS. Umejifunga mwenyewe. Umekubali kimyakimya kwamba uhamisho wa kwanza ni halali, na ombi jipya linaingia kwenye masharti ya waombaji wa kawaida, ikiwemo muda wa kukaa kituoni ambao kwa kawaida ni miaka mitatu, ridhaa ya mwajiri unayemwacha na nafasi kwa mwajiri unayemtaka. Zaidi ya hapo, ukikubaliwa unahama kwa gharama zako.

Tumia ESS kwa jambo jingine: ushahidi. Kama ulikuwa na ombi la kwenda Ubungo likakataliwa kwa sababu "kuna upungufu wa watumishi", na wiki tatu baadaye mwajiri yule yule amekuhamishia Mtwara, piga picha ya skrini yenye tarehe. Upungufu huo umeisha lini? Tathmini zako za PEPMIS, mfumo wa kupima utendaji kazi, nazo zipakue mapema, kabla akaunti haijahamia kwa msimamizi mwingine.

Tume: 4/5

Huduma hii ndiyo tunayoipendekeza kwa wengi. Haina ada, haihitaji wakili, na watumishi wake wanazijua Kanuni kuliko mawakili wengi wa mitaani. Tume ya Utumishi wa Umma ilianzishwa kwa Sheria ya Utumishi wa Umma, Sura ya 298. Walimu wa shule za msingi na sekondari za serikali wao waende Tume ya Utumishi wa Walimu, iliyoundwa kwa Sheria Na. 25 ya mwaka 2015 na yenye ofisi hadi ngazi ya wilaya. Watumishi wa Mahakama, polisi na magereza wana vyombo vyao, na malalamiko yao yakifika hapa yatarudishwa.

Jua tofauti ya rufaa na malalamiko. Rufaa ni dhidi ya uamuzi wa kinidhamu na ina siku 45 tangu ulipopokea barua ya uamuzi. Malalamiko ni kwa mambo mengine ya kiutumishi: kupandishwa cheo, mishahara, na uhamisho. Barua yako ya uhamisho kwa kawaida inaingia kwenye malalamiko. Lakini kama unadai ni adhabu iliyofichwa, usipoteze muda kubishana ni lipi kati ya hayo mawili: iwasilishe ndani ya siku 45 hizo hizo. Ukiwa ndani ya muda mfupi zaidi, hakuna atakayekupinga kwa kuchelewa.

Kifurushi kinachosomeka kina barua ya malalamiko, barua ya uhamisho, barua ya ajira, barua ya cheo cha mwisho, hati tatu za mshahara za karibuni, barua yako kwa mwajiri yenye muhuri, na jibu lake kama lipo. Vielelezo vipewe herufi na vitajwe kwa herufi hizo ndani ya barua. Nakala moja iende kwa mwajiri, nayo igongwe muhuri. Tume itamtaka mwajiri alete maelezo na vielelezo vyake, na hapo ndipo ucheleweshaji unapozaliwa. Mwajiri akichelewa, wewe ndiye unayengoja. Kumbushia kwa maandishi kila mwezi, kwa sentensi mbili, bila matusi.

Alama moja tumeikata kwa mambo mawili. Makao yamehamia Dodoma kama sehemu kubwa ya Serikali, na Utumishi yenyewe iko Mtumba, mji wa Serikali huko huko Dodoma. Nauli ya kawaida ya treni ya SGR ikiwa Sh 31,000 kwenda tu, kila safari ya kufuatilia inauma. Usisafiri kupeleka karatasi inayoweza kwenda kwa EMS ya Posta, safiri ukiitwa. La pili ni kwamba kuwasilisha malalamiko hakusimamishi uhamisho. Unalalamika ukiwa Mtwara.

Usiporidhika na uamuzi wa Tume kwenye jambo la nidhamu, ngazi inayofuata ni Rais, na sheria inasema uamuzi wake ni wa mwisho ndani ya mfumo wa utumishi. Ni ngazi ya maandishi, inapita Ofisi ya Katibu Mkuu Kiongozi, na inahitaji subira.

Mahakama Kuu: 3/5

Jengo liko Kivukoni, ila siku hizi nyaraka zinaanzia kwenye mfumo wa kielektroniki wa kusimamia mashauri na ada inalipwa kwa namba ya malipo. Unachofungua ni maombi ya mapitio ya mahakama, chini ya Sura ya 310 ya Sheria za Tanzania na Kanuni zake za mwaka 2014, Tangazo la Serikali Na. 324. Jaji hatapima kama uhamisho wako ni wa busara. Atapima kama aliyeutoa alikuwa na mamlaka, kama alifuata utaratibu, na kama uamuzi wake uko ndani ya akili ya kawaida. Anayekwenda kueleza umbali wa shule ya watoto amekosea jengo.

Shauri lina hatua mbili, na wengi hufia ya kwanza. Hatua ya kwanza ni kuomba kibali, kwa maombi yenye maelezo na hati ya kiapo. Yaliyomo ndani ya maelezo ni jina la mwombaji, nafuu anazoomba na sababu zake; ukweli wa matukio unakaa kwenye kiapo. Wengi huyachanganya, wakaapa sheria na kueleza matukio bila kiapo. Jaji anaangalia kama umekuja ndani ya miezi sita tangu uamuzi, kama una maslahi ya moja kwa moja, kama kuna hoja inayostahili kusikilizwa, na kama kulikuwa na njia nyingine ambayo hukuimaliza. Hilo la mwisho ndilo jembe la mawakili wa Serikali. Mtumishi aliyeruka Tume akaja moja kwa moja Kivukoni anapigwa pingamizi la awali, na mara nyingi shauri linaishia hapo.

Ndiyo maana hesabu ya miezi sita ni ya hatari. Ukienda Tume, uamuzi utakaoupinga mahakamani ni wa ngazi ya mwisho uliyofikia, na muda unahesabiwa kuanzia huo. Lakini kama Tume imekaa kimya na miezi mitano imepita tangu barua ya uhamisho, usikae nawe. Muone wakili kabla ya mwezi wa sita kuisha. Kuomba kuongezewa muda ni shauri jingine, na sababu ya "nilikuwa nafuatilia" pekee haipendezi masikioni mwa jaji.

Ukipata kibali, maombi makuu yanafunguliwa ndani ya siku 14. Jumamosi na Jumapili zimo kwenye hesabu. Lipa ada siku ile ile ya kupakia nyaraka, kwa sababu nyaraka zilizopakiwa bila ada ni mlango wa mabishano ya tarehe usiyoyahitaji. Wajibu maombi, yaani wale unaowashtaki, ni mamlaka iliyosaini barua na Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Ukimsahau huyu wa pili, shauri halisimami. Atakayesimama kuwatetea ni Ofisi ya Wakili Mkuu wa Serikali. Wako makini, na hawakosi pingamizi.

Kuhusu kusimamisha uhamisho wakati shauri linaendelea: Sheria ya Mashauri ya Serikali, Sura ya 5, inaizuia mahakama kuiwekea Serikali zuio la kawaida, na badala yake inaweza kutamka haki za wahusika. Njia iliyobaki ni kumwomba jaji, pale pale kwenye maombi ya kibali, aelekeze kwamba kibali hicho kisimamishe utekelezaji. Asipoombwa hatoi. Na ukiwa umeshahama na mwingine ameshakalia kiti chako, hakuna kikubwa cha kusimamisha. Sheria hiyo ndiyo pia yenye notisi ya siku 90, ambayo ni ya kesi za kawaida za madai, kwa mfano ukiamua kuidai Serikali stahiki ambazo hazikulipwa kwa miaka miwili. Wakili anayeichanganya notisi hiyo na maombi ya mapitio atakulia miezi mitatu kati ya sita uliyo nayo.

Lugha si kikwazo tena: tangu mabadiliko ya mwaka 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya sheria na mahakama. Nyaraka za Kiswahili zinapokelewa, ingawa mawakili wengi bado wanatumia violezo vya Kiingereza.

Kwa nini 3 wakati mahakama ndiyo yenye nguvu kuliko wote? Kwa sababu ya kile unachoshinda. Amri ya kufuta uamuzi inafuta barua. Haimkatazi mwajiri kutoa barua nyingine kesho, safari hii ikiwa na saini sahihi, kibali sahihi na stahiki zimelipwa. Kama hoja yako ilikuwa saini pekee, umenunua miezi kwa bei ya wakili. Kama hoja yako ni adhabu iliyofichwa au kushushwa cheo, ushindi una uzito zaidi, maana mwajiri akirudia atakuwa anarudia mbele ya hukumu. Pima hilo kabla ya kulipa hata senti.

Milango ya kuiruka

CMA (Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ya migogoro ya kazi): 0/5, na hili si kosa lao. Tangu Sheria ya Utumishi wa Umma ilipoongezewa kifungu cha 32A mwaka 2016, mtumishi wa umma lazima amalize kwanza njia za ndani ya sheria hiyo, na mwaka 2022 Mahakama ya Rufani, katika shauri la Shirika la Posta, ilisema wazi kwamba CMA haina mamlaka juu ya mgogoro wa aina hiyo. Hata hivyo bado wapo wanaojaza fomu pale, wanasikilizwa, wanashinda, kisha ushindi unafutwa ngazi ya juu na muda wa kwenda kwingine umekwisha.

Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora inapokea malalamiko bure na inaweza kumwandikia mwajiri. Inafaa pale penye uonevu wa wazi, ila isiwe mbadala wa njia kuu. Mkuu wa Mkoa au wa Wilaya kwenye mkutano wa hadhara? Unaweza kupata makofi na agizo la mdomo. Agizo la mdomo halibadilishi kitu kwenye mfumo wa mishahara.

Wakili na karatasi zake

Kama kipato hakiruhusu, kuna watoa msaada wa kisheria waliosajiliwa chini ya Sheria ya mwaka 2017. Watakusaidia vizuri kwenye barua za mwajiri na Tume. Kwa Mahakama Kuu uliza mapema kama wana wakili wa kusimama.

Ukiajiri wako, makubaliano yawe ya maandishi na yatenganishe ada ya hatua ya kibali na ya maombi makuu. Muulize maswali matatu kabla ya kutoa pesa: miezi sita yangu inaisha tarehe ngapi, nani watakuwa wajibu maombi, na baada ya kibali una siku ngapi. Majibu unayo tayari. Akianza na habari za CMA, chukua faili lako.

Kiapo kikishaandaliwa, kisome chote kabla ya kwenda kwa kamishna wa viapo. Hakikisha sehemu ya mwisho ina mahali na tarehe ulipoapa, jina la kamishna na saini yake mbele yako. Viapo vinavyosainiwa kwa mafungu kwenye steshenari za mjini, mwapaji akiwa hayupo, ndivyo vinavyoletewa pingamizi. Na kila aya iseme jambo ulilolijua mwenyewe. Ulichoambiwa, taja nani alikwambia. Hati za mshahara na barua ziambatanishwe kama nakala zinazosomeka: skani ya simu yenye kivuli cha kidole juu ya kumbukumbu namba imeshawahi kuwa hoja.